Wiki Niliyoficha Visu vya Mama

Mwezi uliopita daktari wa meno alinipaka dawa kwenye ufizi, na harufu ya karafuu ikanipanda puani kabla sijafumba mdomo. Mtu wa Pemba akinusa karafuu hukumbuka majamvi ya kuanikia, au jino la bibi yake, au sufuria ya pilau. Mimi, niliyelelewa Maryland na mama Mpemba na baba wa Tanga, nilikumbuka upanga. Nilikaa pale na pamba mdomoni, machozi yananitoka, na yule daktari wa watu akadhani ni sindano.

Upanga wenyewe ulikuwa mfupi, na ulikaa kwenye droo ya chini katika nyumba moja mjini Bowie. Mwenye upanga alikuwa Mzee Hayashi, Mjapani mjane wa miaka sabini na kitu, aliyepooza upande wa kushoto. Mama yangu alikuwa akimhudumia: kumwogesha, kumpikia, kumpa dawa zake, kumsindikiza mpaka kwenye sanduku la barua na kumrudisha. Mimi nilikuwa na miaka kumi. Wenzangu mliokulia kule mnakumbuka habari za funguo za nyumba shingoni na amri ya kutomfungulia mtu mlango. Mama hakuziamini zile funguo. Kila siku, kwa ruhusa ya mzee, alikuja mara moja kunichukua shuleni, akanipeleka Bowie, nami nikakaa kwenye zulia la mzee yule mpaka zamu yake ilipokwisha.

Mara moja kwa mwezi Mzee Hayashi aliutoa upanga, akaufuta kwa karatasi laini, akaupaka mafuta. Kwa kuwa mkono wake mmoja haukufanya kazi, mimi nilishika ala naye akafanya mengine. Mafuta yale yalinukia karafuu. Siku ya kwanza mama alipoisikia harufu alitoka jikoni mbio na mwiko mkononi. "Hii karafuu hii! Mzee, where you get karafuu?" Mzee akamwonyesha kichupa, akamweleza kwamba ndivyo panga zao zilivyopakwa tangu zamani ili zisishike kutu. Mama alicheka mpaka akakaa chini. Alisema kwao watu wamevunjika viuno kwa kuzichuma, kumbe nyingine zinakwenda kupaka panga za Wajapani. Baada ya hapo wakawa marafiki, na mama akanilazimisha nimwamkie mzee "shikamoo" kila ninapoingia. Yeye badala ya kuitikia aliinamisha kichwa, polepole, kwa heshima ambayo mtu mzima mwingine hajawahi kunipa.

Ni kwenye zulia lile nilipopata habari za samurai. Walikuwa, alivyonieleza, askari wa mabwana wa zamani, watu wa panga mbili, mmoja mrefu na mmoja mfupi. Mrefu ni wa adui, akasema. Nikauliza mfupi ni wa nani. "Wako mwenyewe," akajibu. Babu wa babu yake alipewa barua ya bwana wake aivushe milimani, na barua ikachukuliwa na mto. Akarudi, akaeleza, akaomba ruhusa ya kufa kiungwana, wakampa. Akaoga. Akavaa nguo nyeupe. Akaandika mistari michache ya kuaga. Kisha akapiga magoti mbele ya watu, akajipasua tumbo kwa upanga mfupi. Mkewe hakulia, na jina la ukoo likabaki safi. Mzee alisimulia kwa Kiingereza chake cha taratibu, macho yakimwangaza, na mimi nikayameza yote bila kutafuna.

Nilielewa hivi: mtu wa heshima, aibu yake ikishaonekana, huoga, huvaa nyeupe, huandika, na ndiyo basi. Sikuogopa hata kidogo. Nilicheza mchezo wa kujipasua kwa rula nyumbani mpaka mama akanivuta sikio.

Na nyumbani kwetu nako heshima ilikuwa chakula cha kila siku. Tulikaa Lanham, ghorofa ya tatu, na baba yangu, Shabani kwa jina lake, aliitwa Daktari. Hakuwa daktari bado. Alikuwa akisomea udongo, shahada ya uzamivu, lakini watu wetu hawangoji cheti: ukishapanda ndege kwenda kusomea kitu, kitu hicho kimeshakuwa jina lako. Aliyempa jina hilo ni Baba Mkubwa, kaka yake aliyemlea baada ya wazazi wao kufariki, na Tanga nzima ikalipokea. Kila asubuhi baba alitoka na tai na mkoba. Mama Wanjiru, Mkenya wa ghorofa ya chini aliyefanya kazi ya kutunza wazee kama mama, hakumwacha apite hivi hivi.

"Daktari! Sasa una-graduate lini? Sisi tuko ready na chapati!"

"Mwezi wa tano, inshallah," baba alijibu, akiharakisha kushuka ngazi.

Mwaka ule mwezi wa tano ukafika kweli, na Baba Mkubwa akapata viza. Angetua Jumamosi, mahafali yawe wiki inayofuata. Alikuwa anakuja na joho jeusi la darizi alilomshonesheza mdogo wake. Wanawake wa Kitanga na Kipemba kuanzia Columbia mpaka Bowie walishagawana masufuria, nani pilau, nani sambusa, nani kuku wa kupaka.

Jumatatu ya wiki hiyo shule yetu ilitupeleka mjini kutazama makumbusho. Tulipomaliza tulipangwa wawili wawili kwenda kula, na njia ikatupitisha mbele ya maegesho ya magari ya chini ya ardhi. Pale mlangoni palikuwa na kibanda cha kioo, na mwanamume mmoja mwenye gari kubwa alikuwa anamfokea mlinzi kwa sababu kile kijiti cha kuzuia magari hakikuinuka. Mlinzi alivaa koti la kijani lenye mistari inayong'aa. "Yes, sir. Sorry, sir," alikuwa akisema, kichwa chini. Niliijua sauti kabla ya kuujua uso.

Tasha, mwenzangu wa mstari, akanigusa kiwiko. "Look at that guy. He's gonna cry."

Baba akainua uso, macho yetu yakakutana.

Sasa, mimi nilikuwa mtoto niliyesifika kwa kuamkia. Baba alijigamba kwa hilo kwenye kila shughuli: "Huyu wangu kakulia Marekani, lakini shikamoo yake utaisikia toka barabarani." Mtoto huyo wa kusifiwa alimgeukia Tasha, akacheka. Tukavuka barabara, tukaenda kula piza, na sikumbuki ilikuwa na ladha gani.

Baadaye nilikuja kujua mambo yalivyokuwa. Miaka miwili nyuma chuo kilimrudishia maandishi yake kwa mara ya tatu na kumwambia asirudi. Hakumwambia mtu. Alitafuta kazi ya kulinda magari, akawa anavaa tai nyumbani na koti kazini. Mtaalamu wa udongo, na kweli alikuwa chini ya ardhi kutwa nzima. Nayasema haya leo kwa utani kwa sababu nimeruhusiwa, lakini wakati ule sikuona cha kuchekesha. Nilichojua ni kwamba aibu ya baba yangu imeonekana, na aliyeiona ni mimi.

Jioni ile alirudi na tai yake. Kwa kawaida ningesimama, nimwamkie, nimpokee mkoba. Niliinamia kitabu cha hesabu. Naye alinipita bila kuidai shikamoo yake, na baba wa Kitanga asiyedai shikamoo kwa mwanawe, ujue jambo limeharibika. Jumanne ikawa hivyo hivyo. Mama akatutazama mmoja mmoja.

"Weye, ulimi umekuota miba? Mwamkie babako."

"I did, Mama," nilidanganya. Kiingereza kilikuwa mahali pangu pa kujificha, maana ndani yake hapana mtu wa kumshikia miguu.

Nikaanza kuhesabu dalili. Baba alikuwa hali, anachezea wali kwa vidole mpaka unapoa. Simu ya Tanga ilipolia alisema, "Ndiyo, kaka. Ndiyo, kaka. Mungu akufikishe salama," na simu ilipokatika akabaki ameiwekea mkono kwa muda mrefu. Jumatano alimwomba mama amsafishie kanzu yake nyeupe. Jioni alikaa mezani na karatasi, akaandika, akachana, akaandika. Na mama, siku zote tatu, alijifunga kanga ileile, sijui nyingine zilikuwa zimekwenda wapi, iliyoandikwa kwa herufi kubwa: MFICHA MARADHI KIFO HUMUUMBUA. Leo najua mwanamke wa pwani hajifungi kanga siku tatu mfululizo mbele ya mumewe bila sababu. Alikuwa anamsemesha. Mimi nilisoma neno moja tu kati ya yale manne, na neno lenyewe lilikuwa kifo.

Alhamisi asubuhi, mama akiwa anaswali, nilifungua droo ya jikoni nikatoa visu vyote: kikubwa cha nyama, kidogo cha vitunguu, na kile cha mkate chenye meno. Mbuzi ya kukunia nazi niliitazama nikaiacha. Hata mimi niliona haiwezekani. Nikavifunga kwa taulo, nikavisukuma chini ya kiti cha nyuma cha gari la mama, nikaenda shule nikiwa nimelowa mgongo kwa jasho.

Mchana, Bowie, mama aliposhuka chini ya nyumba kufua mashuka, nilivileta visu ndani nikavichomeka chini ya mto wa kochi. Sikufikiri kwamba lile ndilo kochi la Mzee Hayashi. Alirudi kutoka chooni na mkongojo wake, akajishusha, akagutuka. Akaingiza mkono wake wa kulia chini ya mto, akatoa taulo, akalifungua mapajani.

Alivitazama vile visu vitatu. Hakuniuliza kwa nini.

"Nani?" akauliza.

"Baba," nikasema.

Nikamweleza yote, la kijiti, la Tasha, la kanzu. Nilitaka anithibitishie. Nilitaka aniambie kama kuna njia ya mtoto kuomba ruhusa baba yake asifanye. Rangi ilimtoka mzee yule, nikadhani kiharusi kimemrudia.

"Nilikupa nusu," akasema.

Nusu ya pili aliitoa kwa shida, akisimama kila baada ya sentensi mbili. Enzi za babu wa babu yake wenye panga walikuwa wachache. Watu wengi walikuwa wakulima, na mkulima alipokosa alikosa tu, akaendelea kulima. Kisha serikali mpya ikazifuta panga. Babu yake akakata nywele zake za kisamurai, akawa mwalimu wa shule. Baba yake naye akawa mwalimu mkuu. Na kile kilichokuwa cha wachache wakaanza kufundishwa watoto wote, wa mkulima na wa muuza samaki, kila asubuhi mstarini: jina kwanza, uhai baadaye. "Wakatuambia ndiyo maana ya kuwa Mjapani," alisema. "Tukaamini. Nani hataki kuwa samurai?" Vijana wa shule ile wakaenda vitani wakiimba, kaka yake mkubwa akiwa mmoja wao, na hawakurudi. Yeye alikuwa na miaka kumi na saba, anangoja zamu yake, vita vikaisha, na nchi ikawa imeshindwa.

Siku ile kijiji kizima kilimtazama baba yake, mwalimu aliyewafundisha watoto wao kufa. Kila mtu alijua upanga uko wapi. Mama yake aliuchukua akauzamisha kwenye pipa la mboga za chumvi.

"Lakini baba yangu hakuutafuta," Mzee Hayashi alisema. "Kesho yake alivaa nguo zake za kazi, akaenda kwa mama wa mwanafunzi wa kwanza. Akapiga magoti mlangoni, akaweka paji la uso chini, akaomba radhi. Kisha nyumba ya pili. Wengine walimfungia mlango. Mmoja alimmwagia maji machafu. Ilimchukua miaka miwili kuzimaliza nyumba zote."

Nikauliza kama walimsamehe.

"Siku moja nilimkuta kwenye mlango wa watu, maji yanamchuruzika. Nilikuwa na rafiki zangu. Nikavuka barabara." Kidole chake kilikuwa kinapita juu ya mpini wa kisu cha mkate. "Nilimwonea aibu kwa kuwa yu hai. Nikaja Amerika. Akafa. Hakujua kwamba nilimwona, au labda alijua, na hilo ni baya zaidi. Wewe usinifuate mimi. Uliyemwona ni baba yako, kamwambie ulimwona."

Kisha akashika mkono wa kochi akajaribu kuniinamia, mimi mtoto wa miaka kumi, na ule upande wa kushoto ukamtupa. Nilimdaka kwa mabega. Alikuwa mwepesi. "Samahani," akasema karibu na sikio langu. "Nilikupa nusu ile kwa sababu ni nzuri kusimulia." Mama aliporudi na kapu la nguo alitukuta tumekaa, visu vimefichwa tena, safari hii kwenye droo ya chini pamoja na upanga.

Nilisema moyoni kwamba nitamwambia baba Ijumaa. Si leo. Ijumaa.

Mama alinishusha mbele ya jengo letu akaenda dukani kununua mchele wa kumpikia mgeni. Nikapanda peke yangu. Jua lilikuwa bado kali. Mlango haukufungwa kwa ufunguo, na bafuni maji yalikuwa yanamwagika. Kanzu, nyeupe pe, imepigwa pasi na kutundikwa kwenye mlango wa chumba. Mezani palikuwa na karatasi mbili zilizojaa mwandiko wa baba. Nilisoma mstari wa kwanza: *Kaka yangu mpenzi, utakaposoma haya mimi*. Sikuweza kuendelea.

Maji yakakatika. Baba akatoka, akaivaa kanzu ile, kichwa bado kibichi, akanipita kama alivyonipita siku zote zile. Akaingia jikoni. Nikasikia droo inafunguliwa, inafungwa. Nyingine ikafunguliwa.

"Rukia. Visu vyote vimekwenda wapi?"

Sikupanga kufanya nilichofanya, nilijikuta tu niko chini, paji la uso kwenye zulia mlangoni pa jikoni, naongea na nyuzi za zulia.

"Shikamoo baba. Shikamoo. Shikamoo. Nilikuona. I saw you, kwenye yale maparking, nilikuona nikacheka. Usife. Please, baba, usife."

Nilisikia jokofu likinguruma. Kisha nikasikia kanzu ikisugua kabati, na baba akawa amekaa sakafuni, mgongo kwenye jiko, miguu yake imenyooka mbele kama ya mtoto.

"Marahaba," akasema. "Marahaba, mwanangu. Nani kakwambia nakufa?"

Nikamweleza. Kuoga, nyeupe, kuandika, kisu. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, jambo ambalo hakuwa na mazoea nalo. Aliponiuliza tena visu viko wapi na nikamjibu "Bowie," alianza kucheka, na kicheko kikabadilika katikati, akajifuta uso kwa mkono wa kanzu. Akanionyesha boksi refu nyuma ya mlango, limefungwa kamba za plastiki. Kitanda cha kukunja cha Baba Mkubwa. Barua ilikuwa ya kumpa kaka yake mkononi uwanja wa ndege, kwa sababu alijua mdomo hautafunguka. *Utakaposoma haya mimi nitakuwa nimesimama mbele yako, na nakuomba usiniangalie mpaka umalize.*

Nilipokuwa mtu mzima nilimuuliza siku moja, tukiwa wawili garini, kama kweli alikuwa anatafuta kisu cha kukatia kamba. "Cha kukatia kamba," akasema. Tukaenda mwendo, tukapita taa mbili. "Nadhani," akasema. Hatukuyarudia mazungumzo hayo.

Lakini siku ile, pale sakafuni, alikuwa na swali moja tu.

"Huyo mwalimu, baba yake Mzee Hayashi. Alipokwenda kwa wale akina mama, alivaa nini?"

"Nguo zake za kazi," nikasema.

Jumamosi mama na mimi tulimngojea baba sebuleni, tumevaa vya kutokea. Baba akatoka chumbani na koti la kijani lenye mistari inayong'aa. Mama alimtazama kuanzia kola mpaka chini. Nikangoja apige kelele. "Miaka miwili nafua mashati yananuka moshi wa magari," alisema. "Nikakusitiri, nikisema mwenyewe atasema. Twende, mgeni atafika hatuna habari." Akachukua funguo.

Pale uwanja wa ndege wa Dulles Baba Mkubwa alitoka na joho limekunjwa mkononi, hakutaka liingie sandukuni likunjamane. Alikuwa mrefu kuliko nilivyomwona pichani. "Daktari!" aliita, watu wakageuka, mikono akaifungua. Baba akamwendea. Barua ilikuwa mfukoni na hakuitoa.

"Shikamoo, kaka. Mimi si daktari. Walinikatalia miaka miwili iliyopita. Nalinda magari. Nimekudanganya, na nimekuja uniseme mbele ya mke wangu na mwanangu."

Yote kwa pumzi moja. Baba Mkubwa akaishusha mikono polepole. Akalitazama lile koti, akalitazama joho alilolibeba kutoka Tanga. Kisha akamgeukia mama akamuuliza gari liko wapi.

Hakuitikia ile shikamoo. Wasioyajua ya kwetu watasema ni neno tu. Kwetu mkubwa asipoitikia, mdogo hana pa kusimama. Nyumbani alikula chakula cha mama, akakisifu, akaniuliza masomo yangu, na kwake baba, aliyeketi upande wa pili wa meza, alikuwa kama hayupo. Mama akapiga simu Columbia na Bowie kwamba sufuria zipumzike. Jumapili nzima simu haikulia, jambo lililoniumiza kuliko kama wangepiga kutucheka.

Jumapili hiyo, baada ya alfajiri, baba alivaa koti lake akasimama mlangoni mwa sebule, kaka yake akiwa amekaa kwenye kile kitanda cha kukunja na tasbihi. "Shikamoo, kaka." Tasbihi zikaendelea. Baba akangoja kidogo, akaenda kazini. Jumatatu hivyo. Kwenye ngazi Mama Wanjiru akamwita "Daktari!" naye akasimama, akamwambia, "Niite Shabani, mama. Nalinda magari mjini." Huko Bowie Mzee Hayashi, akinirudishia visu, aliniuliza baba amebakiza nyumba ngapi. Nikasema moja. Akatikisa kichwa. "Moja ni nyingi," akasema.

Jumanne hivyo. Nilianza kumchukia Baba Mkubwa kwa chuki safi ya kitoto. Nilimwekea chai bila sukari makusudi, akainywa.

Jumatano nilikuwa mezani, nguo za shule tayari. "Shikamoo, kaka," baba akasema mlangoni. Sauti yake siku hiyo ilikuwa imechoka. Punje ya tasbihi ikapita moja, ikapita nyingine. Akangoja kuliko siku zote. Kisha mlango wa nje ukajifunga na viatu vyake vikaanza kushuka ngazi.

Tasbihi zikasimama. Baba Mkubwa alikuwa anautazama ule mlango uliofungwa.

"Marahaba, Shabani," akauambia mlango.

Nikaganda na kijiko mkononi. Akanigeukia, macho mekundu.

"Mbona umekaa? Mpelekee!"

Nilishuka ghorofa tatu na soksi. Kulikuwa na umande kwenye lami, soksi zikalowa, na gari la baba lilikuwa limeshaanza kurudi nyuma. Nililipiga kioo kwa viganja vyote viwili mpaka likasimama. Akakiteremsha, ameshtuka.

"Kaitikia," nikasema. Pumzi ilinikata, ikabidi niseme tena. "Baba, kaitikia. Kakuita Shabani."

Siku hiyo alichelewa kazini.